Machozi ya Chumba cha Pasi

Kitu cha kwanza alichokiona Truphosa kilikuwa midomo. Mwanamume mfupi, mwembamba, mwenye nywele nyeusi zilizolala kama zimepakwa mafuta, alikuwa akisukuma toroli la shuka chafu kwenye ujia wa hospitali, na midomo yake ilikuwa ikizungumza bila kutoa sauti. Akitazama kushoto alinuna. Akitazama kulia aliomba msamaha. Kisha akageuka tena kushoto na kukataa kusamehe.

Truphosa alidhani ni mgonjwa aliyetoroka wodini akavaa koti la kazi.

"Mama, yule mtu anaongea na nani?" alimwuliza Swaran.

Swaran Kaur, mama wa Kisingasinga aliyezaliwa Nakuru, alifanya kazi upande wa pili wa mashine ya pasi. Yeye alilisha shuka mbichi, Truphosa akazipokea zikiwa zimenyooka na moto. Waliongea Kiswahili kutwa nzima, na msimamizi wao Mwingereza aliamini kwamba hicho ni Kihindi.

"Hiyo Mfilipino," Swaran akasema. "Porter mpya. Dada yake iko nurse kule kwa watoto. Kichwa yake mzuri, lakini imejaa sinema."

Hiyo ilikuwa Machi, mwaka wa sabini na tatu. Kufikia majira ya joto Truphosa alikuwa anamjua Anselmo Katindig kuliko alivyomjua mtu yeyote katika mji wa Birmingham, ingawa yeye mwenyewe hakuwa amemwambia maneno yanayojaza kikombe.

Saa ya chai Anselmo alikuwa akija chumba cha pasi, anakaa juu ya furushi la taulo, anasimulia. Kiingereza chake kilikuwa cha kuazima, na cha Truphosa pia, kwa hiyo walielewana vizuri kuliko walivyoelewana na wenye lugha. Sauti ya "f" ilimshinda. Alimwita Truposa. Truphosa hakumsahihisha hata siku moja, maana hakuna mwingine duniani aliyemwita hivyo.

Huko Manila, Anselmo alikuwa ameandika sinema kumi na saba kabla hajafikisha miaka thelathini. Zote zilikuwa za mapenzi, za kulia na kupenga kamasi, za kuonyeshwa mjini mwezi mmoja halafu zikapelekwa visiwani mpaka ukanda ukatike. Kule, alisema, hawakungoja mwandishi amalize. Waigizaji walikaa wamepakwa poda, taa zimewashwa, na yeye amekaa juu ya karai lililopinduliwa, taipu magotini. Karatasi ilinyakuliwa kabla wino haujakauka. Siku moja mwigizaji mkuu, mwanamke mwenye jina, akakataa kufa. Alisema mashabiki wake wangechoma viti vya ukumbi. Ikabidi Anselmo amuue dada wa mhusika huyo badala yake, kwa nusu saa, na dada mtu alikuwa hajawahi kuonekana tangu sinema ianze.

"Sasa alitokea wapi?" Truphosa akauliza. Hilo lilikuwa swali lake la kwanza kabisa.

"Alitoka jikoni," Anselmo akasema. "Kwetu watu wote wa kufa ghafla hutoka jikoni."

Swaran alicheka mpaka shuka ikaingia kwenye mashine upande upande.

"Na jina lako wanaandika kwa bango?" Swaran akataka kujua.

"Wanaandika, mama. Chini kabisa, pale gundi inapochuruzika."

Mwenye kampuni alikuwa mama mmoja aliyeitwa Bibi Consolacion. Bibi huyu hakusoma maandishi ya mtu. Mwandishi alitakiwa aende nyumbani kwake, asimame jikoni, asimulie hadithi yote kwa mdomo, huku mpishi na wanawake wa kufua wakiendelea na kazi zao. Bibi mwenyewe alikaa pembeni akijipepea kwa upepeo, wala hakumtazama mwandishi. Aliwatazama wafuaji. Wakilia, sinema inapigwa. Wasipolia, mwandishi anashukuru kwa kahawa na kwenda zake.

"Halafu mwaka mmoja wafuaji wakaacha kunililia," Anselmo akasema. Alikuwa akitabasamu, lakini macho yake yalikuwa kwenye kikombe. "Hadithi ya kwanza, macho makavu. Ya pili, makavu. Ya tatu, mmoja akapiga miayo. Bibi akaniambia, 'Anselmo, umekauka. Nenda ukaishi kidogo. Ukipata kitu, nitumie.' Dada yangu alikuwa hapa. Nikaja kusukuma toroli. Na siku ya kwanza nilipofungua mlango huu nikawaona wafuaji wawili."

Basi ndiyo ikawa kazi yao. Kila wiki alikuja na hadithi mpya, imeandikwa kwa penseli nyuma ya karatasi za kuhesabia shuka, na akasimulia huku akiwatazama usoni. Swaran hakufaa. Alicheka kila mahali.

"Mimi nimetoka Kenya na sanduku mbili na watoto nne," alisema. "Sasa hii msichana yako analia sababu ya barua? Barua moja? Mpe mimi hiyo barua nitawasha jiko."

Kwa hiyo alibaki Truphosa, na Truphosa hakulia. Kwao Maragoli, magharibi ya Kenya, alifundishwa kwamba msichana hamwagi machozi mbele ya mgeni. Baba yake alipofariki, yeye akiwa darasa la tano, na vitabu vikafungiwa sandukuni palepale, hakulia mbele za watu. Alikwenda kulilia shambani na kurudi amenawa uso. Hadithi za Anselmo zilimkata maini. Lakini alikunja shuka zake, macho makavu, na Anselmo akamtazama, akashusha pumzi, akachana karatasi vipande vinne. Truphosa alitaka kumwambia, usichane, ni nzuri, sikulala jana kwa kuiwaza ile nyingine. Maneno yalifika kwenye ulimi, yakakaa kitako.

Ndivyo ilivyokuwa mpaka Septemba.

Jioni moja ya Septemba, wifi yake Zilpah alimwambia kwamba Barnabas, kijana wa kanisani kwao ambaye bado hajaoa, ameuliza habari zake. Kesho yake Anselmo alikuja na hadithi ya msichana mkatisha tiketi katika ukumbi wa sinema wa mji mdogo. Kulikuwa na fundi aliyekuja kila wiki kutengeneza mashine ya kuonyeshea. Msichana alimpenda, lakini hakumwambia. Siku moja fundi akaitwa mji mkuu kwa kazi kubwa. Akapita kwenye dirisha la tiketi kuaga. Msichana akamkatia tiketi, kwa mazoea tu, akampa. Fundi akaipokea, akaenda.

Truphosa alikuwa ameshika foronya. Alijua tu kwamba foronya imelowa.

"Analia!" Anselmo aliruka kutoka kwenye furushi. "Mama Swaran, tazama! Analia!" Alimshika mabega, akamzungusha, akabusu ile foronya kana kwamba ni mtoto. "Truposa, umeniponya! Umeniponya!"

Hakuuliza analilia nini. Jikoni kwa Bibi Consolacion hakuna aliyewahi kuwauliza wafuaji swali hilo. Siku ileile aliiandika safi, akaipeleka posta ya Harborne akikimbia, koti la kazi likipepea nyuma.

*

Jibu lilikuja Alhamisi moja mwishoni mwa Novemba, siku ambayo mvua haikunyesha wala kuacha kunyesha. Anselmo aliingia bila toroli. Mkononi alikuwa na telegramu, na alikuwa ameikunja na kuikunjua mpaka imelegea kama kitambaa.

"Wamelia," akasema. "Jikoni kwa Bibi. Dada mmoja aliwasomea barua yangu, na wote wamelia, mpaka mpishi. Wanaanza kupiga picha tarehe kumi na mbili Desemba. Bibi ananitaka niwepo. Chumba kipo, taipu ipo. Truposa, nimerudi kuwa mwandishi!"

"Aré, hongera sana!" Swaran akampiga mgongoni. "Sasa lini kwenda?"

"Jumapili asubuhi. Dada yangu amenikopesha nauli. Leo asubuhi nimejibu kwamba nakuja."

Swaran alimtupia Truphosa jicho. Truphosa alikuwa akikunja shuka. Aliikunja mara mbili, mara nne, mara nane, mpaka ikawa kitu kidogo kisichofaa kwa kitanda chochote.

"Hongera," akasema.

"Kuna jambo moja tu." Anselmo alikaa juu ya taulo. "Bibi anasema mwisho ni mkavu. Msichana hawezi kunyamaza mpaka taa ziwashwe. Lazima aseme neno. Nisaidie. Kesho ni zamu yangu ya mwisho, nitakuja saa ya chai. Wewe unamjua yule msichana kuliko mimi."

Alimtazama kwa muda. Yalikuwa macho ya mtu aliyefika mlangoni akasahau alichofuata. Kisha msimamizi akapiga kengele, naye akaondoka.

"Wewe Truphosa," Swaran akasema polepole. "Mdomo Mungu alikupa ya kula mkate tu?"

*

Truphosa alikaa kwa kaka yake, ghorofa ya tisa, Ladywood. Truphosa alipofika, lifti ilikuwa imekufa tena, na alipanda ngazi akihesabu ili asifikiri. Zilpah alikuwa jikoni akisonga ugali wa semolina, bado amevaa sare ya unesi, viatu amevua. Cleopas, kaka yake Truphosa, alikuwa sebuleni nyuma ya gazeti.

"Wifi, umechelewa," Zilpah akasema. "Njoo ukatekate kabichi. Jumapili tuna wageni."

"Wageni gani?"

"Barnabas anakuja na mzee Alfayo wa kanisani. Saa tisa. Usijifanye hujui mzee anakuja kwa nini."

Truphosa alichukua kisu. Barnabas alikuwa na diploma ya ufundi wa maji, alikaa Erdington, alikuja kwa treni kila baada ya wiki mbili, akala ameinamisha kichwa na kushukuru mara tatu. Hakuna ubaya ambao mtu angeweza kumsema. Mara nyingi Truphosa alikuwa ameutafuta.

"Wifi," akasema, "nikisema bado?"

Mwiko ukasimama ndani ya sufuria.

"Bado unangoja nini? Au unangoja yule Mfilipino?" Zilpah alikausha mikono, akafungua droo ya vijiko, akatoa karatasi za kuhesabia shuka zilizojaa penseli, zilizochanwa vipande vinne na kuunganishwa tena kwa gundi. "Nilikuwa natandika kitanda. Sikupekua. Zilianguka zenyewe."

"Ni hadithi tu."

"Najua ni hadithi, nimezisoma. Watu wanakufa ovyo humo ndani." Cleopas alikohoa nyuma ya gazeti. "Wewe nyamaza, Baba Edah, hujaulizwa. Truphosa, sikiliza. Mimi sikuchukii. Nani alikutumia tiketi uje? Mimi. Nani atamwandikia mama yako kwamba binti yake ameolewa na mtu wa kuandika sinema, dini nyingine, nchi ambayo hata redio yetu haiitaji? Huyo mtu kesho atakuwa hapa, kesho kutwa hayupo."

"Jumapili anaondoka," Truphosa akasema. Sauti yake ilitoka ndogo.

Zilpah alimtazama. Uso wake ukalainika kidogo, kama anavyokuwa wodini akiwa ameshika mkono wa mgonjwa.

"Amewahi kukuambia anakupenda?"

"Hapana."

"Na wewe umemwambia?"

Truphosa alikata kabichi.

"Basi mnapendana kwa kitu gani, dada yangu? Kwa kutazamana na kuvuta pumzi?" Zilpah alichukua mwiko wake. "Jumapili uvae lile gauni la bluu. Ukitaka kusema bado, useme mbele ya wageni, kwa mdomo wako. Ukinyamaza, tutajua umekubali."

Hapo ndipo Truphosa alipoogopa kweli. Alijijua. Mbele ya wageni angenyamaza.

*

Ijumaa saa nne asubuhi Anselmo alikuja na penseli imechongwa, na karatasi safi, si za shuka. Swaran alisema anakwenda kutafuta sukari, akachukua mfuko wake na koti lake, jambo ambalo halihitajiki kwa sukari. Mashine ya pasi iliachwa ikinguruma. Msimamizi alikataza kuizima katikati ya kazi kwa kuwa ilichukua nusu saa kupata moto tena.

"Nimejaribu mara nane," Anselmo akasema kwa sauti kubwa kuishinda mashine. "Sikia. 'Moyo wangu ni ndege aliyevunjika bawa.'"

Truphosa akatikisa kichwa. "Hawezi kusema hivyo."

"Kwa nini?"

"Anauza tiketi."

Anselmo alicheka, akafuta. "Kweli. Basi angesema nini?"

Truphosa alishika ukingo wa meza. Alitazama mkono wake, jinsi mvuke ulivyouchubua mwezi baada ya mwezi.

"Angesema, 'Usiende.'"

"'Usiende.'" Anselmo akaandika. "Fupi. Nzuri. Halafu?"

"Halafu angeona haya."

"Anaona haya," akaandika hilo pia. "Anatazama chini. Halafu?"

"Angesema..." Aliona aibu, lakini akajisukuma kama mtu anayevuka maji baridi. "Angesema, 'Nikisikia toroli lako kwenye ujia, najua ni saa nne. Siangalii saa. Na siku za mapumziko yako sijui ni saa ngapi mpaka jioni.'"

Penseli ilikimbia. Kisha ikasimama. Truphosa aliinua macho. Anselmo alikuwa akitazama karatasi, paji la uso limekunjamana.

"Toroli," akasema.

Truphosa akaachia ukingo wa meza.

"Lakini fundi wa sinema hana toroli. Anaweza kuwa na baiskeli?" Aliinua uso wake, na ulikuwa uso wa mtu anayefanya kazi, umewaka, umefika mbali, umeshapanda ndege. "Kengele ya baiskeli! Truposa, hiyo ni nzuri zaidi, watu wataisikia ukumbini." Akakata neno, akaandika jingine juu yake. "Endelea. Usisimame. Halafu?"

"Halafu basi," Truphosa akasema.

"Basi?"

"Amemaliza."

Anselmo alisoma yote tena, midomo ikicheza. Alipomaliza macho yake yalikuwa yamelowa. Alikunja karatasi, akaiweka mfuko wa ndani, upande wa kifua, akaupapasa mfuko.

"Watalia Manila yote," akasema. "Watalia mpaka visiwa vya mwisho. Na hakuna atakayejua ni wewe." Alichukua mkono wake, akaushika kwa mikono yake miwili, akaukawiza kidogo kuliko inavyofaa kwa kuaga. Alitaka kusema kitu. Truphosa aliona kikimpanda shingoni na kushuka tena. Mtu aliyewapa maneno wapenzi wa sinema kumi na saba, na yeye alikuwa mtupu.

"Asante," akasema kwa Kiswahili, neno ambalo Swaran alimfundisha. "Pole. Asante."

Akaachia mkono. Akakamata toroli lake, akaligeuza kuelekea mlangoni.

Truphosa alimtazama mgongo. Aliiona Jumapili yote: asubuhi mtu huyu akipanda gari la kwenda uwanja wa ndege, saa tisa yeye amekaa kwenye kochi na gauni la bluu, mzee Alfayo akisafisha koo, Barnabas ameinamisha kichwa, na kila mtu anangoja kimya chake wakiite jibu. Angenyamaza hapa, na angenyamaza pale, na baada ya hapo maisha yake yote yangekuwa yamekwisha kupangwa na kimya.

Akageuka, akabonyeza kitufe chekundu. Mashine ya pasi ilikohoa, ikazunguka mara ya mwisho, ikanyamaza. Hakuwa amewahi kusikia chumba kile kikiwa kimya. Mbali, upande wa ofisi, msimamizi akapiga kelele, nani amezima?

"Anselmo."

Akasimama. Akageuka.

"Siku ile ya foronya," Truphosa akasema, "sikumlilia yule msichana wa tiketi. Hadithi ilikuwa nzuri, lakini zile ulizochana zilikuwa nzuri zaidi. Nilijililia mwenyewe. Nyumbani walikuwa wameanza kunitafutia mume, na wewe ukaanza kusimulia habari ya mtu anayeondoka, na sikuweza kujizuia. Ukafurahi sana. Sikuwa na moyo wa kukuambia."

Kwenye ujia viatu vya msimamizi vilikuwa vikija. Anselmo aliachia toroli, na mkono wake, kwa mazoea ya miaka yote, ukapanda kwenye sikio mahali alipochomeka penseli.

"Usiandike," Truphosa akasema. "Hayo uliyoandika chukua, uende nayo. Lakini hili usiliandike. Nakupenda. Nimelisema mimi."